Leso Uliyofunga Chini ya Fulana Nyeupe

Mpendwa mwanangu Wafula,

Nimekalia ndoo iliyopinduliwa katika chumba cha kufulia cha nyumba ya watu, hapa Al-Malqa, Riyadh. Mashine inazungusha shuka zao na mimi nakuandikia wewe. Ningekutumia sauti kwenye simu kama tulivyozoea, lakini sauti zangu za majuma haya mawili hujazifungua hata moja. Unachonirudishia ni maneno yale yale: "Niko sawa, mama." Nikikuuliza umekula nini, uko sawa. Nikikuuliza kama Nairobi kunanyesha, uko sawa.

Jana kukhu wako alinipigia. Mama yangu hapigi simu bila sababu, unamjua, anaona dakika za simu ni kama sukari. Aliniambia kwamba asubuhi huwezi kuinama kuvaa viatu, na kwamba yeye, na magoti yake yale, ndiye anayepiga magoti kukufungia kamba. Aliniambia pia kwamba siku ya kwenda kupigwa picha ya mgongo imepita mara ya pili na hukwenda. Kisha akaniomba nisikuambie kwamba yeye ndiye aliyesema. Mimi nakuambia. Katika ukoo huu tumefichana vya kutosha.

Barua hii sitaifunga kwenye bahasha. Nitawapa kina mama wa kikundi chetu cha maombi waisome, walioko Riyadh na walioko Jeddah, kwa sababu sidhani ni mimi peke yangu niliyemlea mtoto kwa simu na kumfundisha ujinga kwa sauti tamu.

Naanzia mbali kidogo, univumilie. Unakumbuka chumba chetu nyuma ya klabu ya Wahindi, kile kilichopakana na banda la rola, lile pipa zito la chuma la kusawazishia uwanja? Babu yako, mwenye jina lako, ndiye aliyetunza uwanja ule wa kriketi miaka yote. Wewe ulijifunza kutembea ukiwa umeshika mkono wa rola. Alikuwa akikuambia, "Uwanja ni kama ugali, ukikosea maji mwanzoni hauna dawa." Ulizaliwa wakati wa mvua, kwa hiyo jina la Wafula, mtoto wa mvua, lilikufaa mara mbili, na mimi nimekuita "baba" tangu siku ya kwanza kwa kuwa umebeba jina la baba yangu.

Nakumbuka ulivyokuwa unaurusha ule mpira uliochunika ngozi kwenye ukuta wa banda, mchana kutwa, mpaka babu yako anatoka na ufagio. Wazee wa klabu wakaanza kukuita uwarushie mipira wakifanya mazoezi. Walidhani wamepata kijana wa kuwasaidia kupasha mwili joto. Ukawa unawaangushia vijiti vyao vitatu kila mara, wanachekana wenyewe kwa wenyewe, na mmoja wao mwishowe akasema mtoto huyu tusipomtafutia shule Uingereza tutakuwa tumetenda dhambi. Hayo yote nilisimuliwa. Nilikuwa Jeddah tayari, Al-Hamra, napangusa madirisha yanayotazama bahari ambayo sikuwa na ruhusa ya kwenda kuikanyaga.

Nilipomaliza mkataba wa Jeddah nikaja nyumbani, tukapata majuma machache pamoja kabla hujapanda ndege. Majuma yale ndiyo nayatafuna mpaka leo. Ulikuwa umenipita kimo na ulikuwa unaona haya kuniita mama mbele ya wenzako. Kule uwanja wa ndege nilikosa zawadi ya maana nikakupa leso yangu, ile ya kahawia iliyoandikwa "Subira yavuta heri". Ukaniuliza, "Mama, nitaifanyia nini leso?" Nikakwambia itakufaa tu. Ole wangu na mdomo wangu.

Halafu nikaja huku Riyadh, na wewe ukawa mtu mkubwa. Shule ikaisha, timu ya pili ya kaunti ikakuchukua, ukapewa mkataba wa mwaka hadi mwaka. Nilipowatangazia kina mama wa maombi kwamba mwanangu anachezea kaunti, Mama Nekesa akauliza, "Kaunti gani, Bungoma ama Trans Nzoia?" Tulicheka mpaka madam, mke wa bosi wangu, akaja kuchungulia. Lakini kusema kweli hata mimi sikujua kaunti ya Uingereza ni kitu gani. Nilijua tu kwamba unavaa nyeupe, na kwamba mchezo wenu unachukua siku nne na watu wanakwenda kunywa chai katikati.

Aliyenifungua macho ni Javed, dereva wa nyumba hii, Mpakistani, ambaye kila Ijumaa anacheza kriketi na wenzake kwenye kiwanja cha vumbi kwa mpira wa tenisi uliozungushiwa utepe wa gundi wa mafundi umeme. Alipojua mimi ni mama wa nani aliniheshimu kuliko anavyomheshimu bosi. Akanifungulia mechi zenu kwenye simu yake, akaiegemeza kwenye kopo la sabuni, mimi napiga pasi huku nakutazama. Ulikuwa mdogo kama punje ya mchele, lakini mwendo wako niliujua. Ulitembea kama babu yako akirudi kuchukua rola.

Unakumbuka zile sifuri? Niliona karibu na jina lako sifuri, sifuri, sifuri, nikahuzunika mno. Nikakutumia sauti: "Pole, baba. Usife moyo. Kesho utapata hata moja." Kila ukiandikiwa sifuri, mimi na pole yangu. Mpaka siku Javed aliponisikia, akaweka chini kikombe chake. "Sifir kwayyis, Mama Wafula. Sifir zein." Akanieleza kwa vidole kwamba sifuri ni nzuri, kwamba wewe ni mrushaji, na mrushaji akirusha mipira sita bila mpinzani kupata kitu, hiyo sifuri ndiyo sifa yenyewe. Nilikuwa nimekupa pole kwa siku zako bora zote. Nawe hukunisahihisha. Uliniambia baadaye kwamba ulikuwa unawachezea wenzako sauti zile kwenye chumba cha kubadilishia nguo, hata Waingereza wale wakawa kila ukirusha vizuri wanakuja kukupiga bega na kukuambia, "Pole, baba."

Na siku ile ulipopandishwa timu ya kwanza ukamtoa yule mpigaji wa timu ya taifa lao, Javed alikimbia gereji akapiga honi ya gari la bosi. Bosi akatoka na kanzu na miguu mitupu akidhani gari limeibwa. Mimi nilijifungia humu humu chumbani, nikalia juu ya ndoo hii.

Sasa nafika pale ninapokwepa kufika.

Ulinipigia alasiri, nilikuwa na kanzu za bosi kwenye ubao wa pasi. Ukasema, "Mama, mgongo unanichoma. Hapa chini, kushoto. Nikikanyaga mguu wa mbele nirushe, nasikia kama kisu." Ukasema timu ina fizio, mtu wa kutazama viungo vya wachezaji, na unafikiria kumwambia. Nikakuuliza huyo fizio analipwa na nani.

"Na timu, mama."

"Timu si ndiyo bosi wako? Nyamaza, baba. Usimwambie mtu. Wakijua unaumwa watakurudisha. Subiri utie sahihi mkataba mwingine, ndipo uugue."

 Kisha ukasema maneno ambayo nimeyabeba mpaka leo: "Sawa, mama. Wewe ndiye unajua kazi za watu."

Na mimi, kwa kujidai kwangu kujua, nikaongeza. Nikakwambia uchukue ile leso, uikunje, uifunge kiunoni chini ya fulana, uikaze mpaka pumzi ifupike, kwa sababu ndivyo ninavyofanya mimi siku za kuinua mazulia. Nilikufundisha kama mtu anayempa mtoto wake urithi.

Nataka ujue nilikuwa nimetoa wapi elimu hiyo. Sisemi ili nijitetee. Kule Al-Hamra nilifanya kazi na Rehema, dada wa Mombasa, mtu wa dini na mcheshi kuliko mimi. Tumbo likawa linamsokota. Nikamwambia avumilie, akanijibu kwa kile Kiswahili chake kitamu, "Shoga, mficha maradhi kifo humuumbua. Mie naenda kumwambia madam." Akaenda, akamwambia. Madam akapiga simu moja tu: halas, yalla maktab, yaani basi, arudi ofisini. Maktab ni ile ofisi inayotuleta huku na kutugawa manyumbani, na ukirudishwa pale wewe ni bidhaa iliyokataliwa. Kabla ya juma kwisha alikuwa ameletwa msichana mwingine, na kitanda cha Rehema kikabadilishwa shuka na mimi mwenyewe.

Nilimwona tena siku nilipokuwa nafunga safari ya kuja nyumbani. Nilikwenda Kandara, mtaa wa huko huko Jeddah, kununua begi, pale karibu na stesheni ya mabasi ya zamani, nikamkuta anauza mahamri kwa kujificha. Alikuwa ametoroka maktab, ikama yake, kile kibali cha kuishi, imekwisha, analala chumba kimoja na wanawake wengi. Alikuwa amekonda. Aliniangalia akasema, "Lau ningenyamaza, ningekuwa jikoni nawe." Tangu siku hiyo methali ile niliichukia. Nikajiapiza kwamba mimi sitaumwa, na ikiwa lazima niumwe, nitaumwa bila mtu kujua.

Basi nikakupa wewe sheria ya Kandara ukaitumie Uingereza. Sikuuliza kama huko bosi ni wa namna hiyo. Sikuuliza kwa nini timu inamlipa mtu mzima mshahara ili kazi yake iwe kuuliza wachezaji wanaumwa wapi. Kwangu mimi bosi ni bosi, na mwili wa mfanyakazi ni siri yake. Hilo ndilo kosa langu, na halina jina jingine.

Na nilijua. Siwezi kukaa hapa nikasema sikujua. Nilikuwa nakuona kwenye simu ya Javed. Kila ukimaliza mipira yako sita ulikuwa unapiga goti na kujifanya unafunga kamba ya kiatu, na unakaa pale muda mrefu kuliko kamba inavyohitaji. Javed alinitazama akaniuliza, "Mama, mtoto mgonjwa?" Nikamjibu mafi, hapana, si mgonjwa. Nilimdanganya Mpakistani wa watu aliyekuwa anakupenda.

Halafu nikaanza kuomba mvua. Nilikuwa nimeshajua kwamba huko kwenu mvua ikinyesha mchezo husimama, wachezaji wanaingia ndani, wanacheza karata. Basi mimi, katika mji huu ambao mbingu yake ni vumbi, nikawa nafunga na kuomba Mungu ainyeshee Uingereza ili mwanangu apumzike. Wenzangu kwenye kikundi wakiniuliza naombea nini nasema nina haja ya moyoni. Nilimwomba Mungu aniletee mawingu ng'ambo ya bahari wakati neno moja tu lingetosha, nalo lilikuwa mdomoni mwangu: "Sema."

Mvua haikunyesha. Majira yale yalikuwa ya jua mpaka Waingereza wenyewe wakashangaa.

Siku ulipoanguka sikuwa natazama. Nilikuwa nakata bamia. Javed alikuja mlangoni na simu ameishusha chini, na sikuhitaji kuuliza. Uliyonisimulia baadaye kutoka hospitali nayakumbuka neno kwa neno. Kwamba fizio alikuinua fulana akaikuta leso imekazwa, imeacha alama kwenye ngozi. Kwamba akaishika upindo, akauliza hii ni nini, kisha akauliza, "Tangu lini?" Nawe ukamwambia tangu mwanzo wa majira. Na yule kijana, ukasema, aliketi pale pale kwenye nyasi. "Ungeniambia siku ya kwanza," akasema. "Kazi yangu ni kuambiwa." Mfupa ulikuwa umeanza na ufa mdogo ambao kupumzika tu kungeuponya, ungerudi uwanjani kabla ya majira kwisha. Tuliupasua kwa subira, wewe na mimi na leso.

Mkataba haukuongezwa. Walikuaga vizuri, walikupa na picha yenye sahihi zao, na mmoja akaandika "Pole baba" kwa herufi kubwa. Kwenye simu ya Javed ukitafuta jina lako unapata mechi zako chache za timu ya kwanza, watu uliowatoa, mwaka ulioanza na mwaka uliomaliza, na kistari katikati, kama tunavyoandika kwenye msalaba wa kaburi. Nilimwambia asinionyeshe tena.

Nilikuomba msamaha kwa simu ukanijibu, "Si kosa lako, mama." Heri ungenitukana. Ungenitukana ningejua bado unaniambia yaliyo moyoni. Lakini ulisema kwa sauti ile ile uliyoniambia "sawa, mama" siku ile, na tangu urudi kwa kukhu umekuwa hivyo hivyo na kila mtu. Nimekaa nikajiuliza maneno haya ya "niko sawa" umeyatoa wapi. Umeyatoa kwangu. Miaka yote hii, nikiwa na homa niko sawa, nikicheleweshewa mshahara niko sawa, nilipoteguka mkono kule Jeddah nikakutumia picha ya mkono ule mwingine. Ulikuwa mwanafunzi mzuri mno. Sasa mimi mwalimu nabisha hodi na mwanafunzi hafungui.

Mwanangu, daktari alisema ufa usipotazamwa unaweza kukunyima kutembea, si kurusha tu. Kriketi imeshakwenda, na nitaililia mimi, nawe ukitaka tutaililia pamoja. Lakini una miaka mingi ya kutembea mbele yako, na sitaki uipoteze kwa kumtii mama yako.

Kwa hiyo nikwambie nilichofanya leo asubuhi, ndipo nimalize.

Mimi pia mgongo unaniuma, baba. Si tangu jana. Tangu kabla hujaenda Uingereza. Unajua sasa kwa nini leso ile ilikuwa na mikunjo ya kudumu ulipoipokea. Leo nilimpelekea madam kahawa, nikaweka sinia mezani, na badala ya kuondoka nikasimama. Akainua macho kutoka kwenye simu yake. Kiarabu changu ni cha jikoni lakini kilitosha. Nikamwambia, madam, mgongo unaniuma, siwezi kuinua mazulia.  Nilimwona Rehema na mahamri yake mbele yangu, nakwambia ukweli, niliona hata begi nitakalorudi nalo.

Akainuka. Akanizunguka akanigusa kiunoni, akakuta nimejifunga leso nyingine, niliyonunua badala ya ile niliyokupa wewe. Akauliza, "Tangu lini?"

Swali lile lile.

Nikamwambia ukweli. Akahema, akauliza, "Na wageni wa Alhamisi?" kwa maana madam ni madam, hakugeuka malaika kwa kikombe kimoja cha kahawa. Kisha akamwita Javed amwambie anipeleke zahanati kesho. Baada ya hapo sijui. Huenda ni dawa, huenda ni maktab, huenda ni mimi na begi langu Kandara au Nairobi. Bosi akirudi watazungumza, nami nitasikia kupitia ukuta. Naogopa sana. Lakini leso nimeifungua, iko ndani ya mashine hii inazunguka pamoja na shuka zao, na ni mara ya kwanza kwa muda mrefu nimevuta pumzi mpaka chini.

Hilo ndilo nililo nalo la kukupa. Sina namna ya kukurudishia ule uwanja. Nimeona tu siwezi kukwambia "sema" huku mimi mwenyewe nimejifunga. Nimetangulia, sasa ni zamu yako. Ile siku ya tatu ya hospitali ni Jumatatu. Kukhu atakufungia kamba za viatu, usione haya, aliwahi kuwafungia wakubwa kuliko wewe. Ukifika, daktari atakuuliza tangu lini. Mjibu.

Ila kabla hujamjibu yeye nijibu mimi, na nikiona maneno yale mawili nitakata tiketi kwa hela yoyote nije nikuchape: unaumwa wapi, baba, na tangu lini?

Mimi mama yako,
ambaye leo hayuko sawa, na amesema.